Jiko Mpaka Kwenye Sinki

Mtaa mzima ulimjua kwa jina la Brashi, na jina alilopewa na wazazi wake lilikuwa limeshasahauliwa hata na mwenye duka anayemkopesha sukari. Alikuwa mpaka rangi, tena si wa kubahatisha. Ukimpa ukuta uliojaa mabonde na nyufa anaukwangua, anaupiga puti ya kuziba mashimo, anausugua kwa msasa, na kesho yake ukipitisha kiganja utadhani umegusa sahani. Wenye nyumba kubwa kuliko yake mara kumi walikuwa tayari kumngojea wiki tatu nzima apate nafasi, na wakati huo huo wakilalamika kwamba ana maringo.

Sasa ajabu ilikuwa nyumbani kwake mwenyewe. Nyumba ya vyumba vitano, na vitatu kati ya hivyo vilikuwa plasta tupu. Mgeni akiingia alipokelewa na sebule yenye rangi ya machungwa, kuta zinawaka utadhani zimemngojea yeye. Akipita jikoni, anakuta manjano safi. Lakini akikosea akafungua mlango wa tatu, anakutana na saruji ya kijivu kuanzia sakafuni mpaka darini, kama stoo ya mbolea. Shemeji yake, kaka wa mkewe, alikuwa na mdomo usio na breki, na alikuwa akisema kwamba siku aliyolala mle ndani aliota yuko mahabusu.

Brashi hakuwa mvivu, wala hakuwa bahili. Alikuwa na kanuni. Siku ile yeye na mkewe waliposaini mkopo wa nyumba, miaka minane iliyopita, alisimama katikati ya sebule isiyo na hata kiti akatangaza kwamba yeye hapaki rangi ukuta usio wake bila kulipwa. Mkopo ni wa miaka ishirini. Vyumba ni vitano. Kwa hiyo kila chumba kinanunuliwa kwa miaka minne, na chumba kikishanunuliwa ndipo rangi inaingia. Choo na korido alivihesabu kama nyongeza, kama vile muuza nyanya anavyokutilia moja ya ziada mfukoni. Hesabu ilikuwa imenyooka kiasi kwamba hakuna aliyefikiria kuigusa.

Jiko ndilo lililotangulia kununuliwa. Sebule ilikuwa imefuata mwezi uliopita tu, na siku hiyo waliketi wote wanne chini, juu ya magazeti, wakanywa soda huku harufu ya rangi mbichi ikiwapanda kichwani. Brashi aligonga ukuta kwa ngumi mara mbili, akawaambia watoto: huu sasa ni wetu. Mke wake alipiga vigelegele kwa mzaha, lakini machozi yaliyomlengalenga hayakuwa ya mzaha. Alikuwa msusi, mwenye kibanda cha saluni karibu na stendi, na watu walimwita Mama Pacha, kwa kuwa mimba yake moja ilileta mabinti wawili. Aliyetangulia kutoka aliitwa Mkubwa, aliyefuata aliitwa Mdogo, na kwa zile dakika chache zilizowatenganisha Mkubwa alidai heshima ya miaka kumi.

Hao mabinti ndio waliochokoza jambo lote. Walikuwa na umri wa miaka kumi, umri wa kualika marafiki, na marafiki walipokuja wakauliza kwa nini chumba chao hakijaisha kujengwa. Mdogo alilia. Mkubwa, ambaye hakuwa mtu wa kulia, alimfuata baba yake uani alikokuwa anaosha brashi, akamwuliza chumba chao kitanunuliwa lini. Brashi akamwambia baada ya miaka minne. Mtoto akahesabu, akasema basi watakuwa na miaka kumi na minne, na kwa umri huo hawatakuwa na haja na chumba cha rangi, watakuwa wanataka simu.

Ilimkaa kichwani. Na kwa bahati alikuwa amemaliza kazi kubwa kuliko zote alizowahi kupata, bweni la chuo, orofa tatu, na baada ya kulipa vibarua na deni la rangi dukani alibakiwa na milioni tano safi. Hizo alikuwa amezipangia pikapu. Si mpya, wala si nzuri, lakini ya kubebea ngazi na ndoo, maana kila kazi aliyopata ilianza kwa kutafuta gari la kukodi, na wenye magari hawana haya ya kupandisha bei. Pikapu ilikuwa ndoto ya miaka. Hata hivyo maneno ya Mkubwa yalimchoma, akaona si vibaya kwenda kuuliza tu. Huenda chumba kikauzwa kwa kidogo kidogo. Huenda akaweka nusu kwenye chumba, nusu kwenye pikapu, na kila mtu akalala akicheka.

Asubuhi ya Jumatatu akavaa shati lisilo na doa, ambalo alikuwa nalo moja, akaenda benki. Afisa mikopo alikuwa dada wa miaka thelathini hivi, mwenye mafua makali na kikombe cha maji ya moto mbele yake. Brashi aliketi, akaweka mikono yake juu ya magoti ili kucha zisionekane, akasema amekuja kuulizia bei ya chumba.

Yule dada akamwangalia kwa upole, akamwelekeza kwamba nyumba ya wageni ipo ng'ambo ya barabara.

Ikabidi Brashi aeleze tangu mwanzo: ile kanuni, vile vyumba vitano, jiko, sebule, chumba cha pacha. Alieleza vizuri na kwa majivuno kidogo, kama mtu anayejua kwamba wengine wenye mikopo hawana mpango kama wake. Afisa alisikiliza mpaka mwisho. Hakucheka. Alipenga kamasi, akaomba radhi, akageuza kioo cha kompyuta ili wote wawili waone, na hapo ndipo Brashi alipoacha kujivuna, kwa sababu watu wa benki hawakugeuzii kioo kukupa habari njema.

Alimweleza taratibu. Walikopa milioni arobaini. Kila mwezi wanalipa kama laki tano, na hawajawahi kuchelewa, jambo ambalo alilisifu kwa dhati. Mpaka leo wameshalipa milioni arobaini na saba na ushee. Na deni lililobaki ni milioni thelathini na nne na nusu.

Brashi alidhani mafua yamemchanganya. Akamwomba arudie. Akarudia.

"Tumelipa zaidi ya tulichokopa," alisema Brashi, "na bado tunadaiwa karibu chote?"

"Ndiyo, baba. Riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki. Mwanzoni deni ni kubwa, kwa hiyo riba inakula karibu pesa yote unayoleta. Mwezi huu, katika laki tano zako, kama laki nne ni riba. Kinachoingia kwenye nyumba ni elfu tisini na kitu."

"Na mwaka ule wa kwanza?"

Akarudisha ukurasa juu. "Elfu thelathini kwa mwezi."

Elfu thelathini. Brashi alijua bei ya kila kopo lililoko dukani, na elfu thelathini haikununua hata ndoo moja ya rangi ya nje. Mwaka mzima alikuwa akipanda ngazi kwenye jua la saa nane, mkewe akisimama mpaka miguu inavimba, wakipeleka laki tano kila mwezi, na nyumba ikipokea thamani ya nusu ndoo. Afisa aliendelea kumweleza kwamba mambo hugeuka kuelekea mwisho, kwamba miaka ya mwishoni ndiyo inayomaliza deni, lakini pia akamwambia ukweli wote alipouliza: kwa mwendo huu, mpaka siku ya mwisho watakuwa wamelipa milioni mia moja na kumi na tisa. Yaani nyumba tatu, moja ni yao na mbili ni za benki.

"Sasa vile vyumba," alisema Brashi, na sauti yake ilikuwa imepungua. "Kwa hesabu yenu nyinyi. Nina vyumba vingapi?"

Yule dada alipiga hesabu kwenye karatasi, na ilionekana wazi kwamba angependa kuwa mahali pengine. "Ukigawa hivyo vyumba vitano sawasawa, baba, una jiko. Si lote. Tuseme jiko mpaka kwenye sinki."

Sitaki mtu adhani benki ilimwibia. Ingemwibia ingekuwa nafuu, maana mwizi unamtukana na roho inatulia. Yote yalikuwa yameandikwa katika makaratasi aliyosaini mwenyewe, kwa kalamu ya kupewa, na afisa wa wakati ule aliyaeleza haraka haraka huku Brashi akitikisa kichwa kama mjusi. Alitikisa kichwa kwa sababu aliona aibu kuuliza. Ni ugonjwa wa wengi, na hauna chanjo.

Palikuwa na mambo mawili anayoweza kufanya, na afisa alimpa yote mawili. La kwanza lilikuwa limebandikwa ukutani, picha ya familia yenye meno meupe na neno PUMUA kwa herufi nene. Unarefusha mkopo uanze tena miaka ishirini na mitano, na malipo ya mwezi yanashuka kwa elfu themanini. La pili halikuwa na picha yoyote. Unaleta pesa ya ziada, unajaza fomu inayosema pesa hii iende kupunguza deni lenyewe, malipo ya mwezi yabaki yalivyo, na miaka ikatwe kutoka mwisho. Bila fomu hiyo, alisema, benki itaihesabu tu kama malipo ya miezi ijayo na haitapunguza kitu.

Brashi alichukua karatasi ya Pumua akaikunja mfukoni. Mlangoni akarudi hatua mbili. "Ungekuwa binti yangu, ungenishauri nini?"

Yule dada alitazama huku na huku. "Ningekuambia uhesabu umri wako siku ya rejesho la mwisho," alisema. "Hivyo tu."

Siku hiyo hakusema kitu nyumbani. Alikula, akasifu mboga, akauliza habari za shule na hakusikia jibu. Mama Pacha alimwuliza kama anaumwa, akasema ni bega, na kweli bega la kulia lilikuwa likimsumbua tangu kazi ya bweni, kwa hiyo haukuwa uongo kamili. Kitandani alikodolea macho dari ya saruji. Alijiona mpumbavu, na zaidi ya mpumbavu alijiona mwongo. Alikuwa amewagongea watoto ukuta wa watu akawaambia ni wao. Alikuwa amejigamba kwa shemeji. Na lile wazo la Pumua likaanza kumnong'oneza: saini, elfu themanini ibaki mfukoni kila mwezi, nunua pikapu, iegeshe mlangoni na honi juu. Nani atauliza habari za riba mbele ya pikapu?

Kesho yake alingoja mke atoke kwenda saluni na watoto kwenda shule. Kisha akafanya jambo ambalo, katika waume wote wenye mikopo, ni yeye peke yake angelifanya. Alisogeza viti vya sebuleni katikati, akavifunika shuka kuukuu, akafungua ndoo ya rangi nyeupe ya kutangulizia, akachovya rola, akaanza kuufuta ule ukuta wa machungwa. Haukuwa wao. Kanuni ni kanuni. Alipaka kwa mikono yake ile ile iliyokuwa imepaka mwezi mmoja uliopita, kwa usafi ule ule, akikata kona vizuri, na kwa kweli alikuwa analia, lakini hakuacha kupaka.

Saluni umeme ulikatika. Mama Pacha alimfungia mteja kitambaa kichwani, akamwambia arudi jioni, akaamua kupitia nyumbani. Alifungua mlango akakuta nusu ya sebule yake nyeupe kama hospitali na mumewe juu ya ngazi. Hakupiga kelele. Aliweka mkoba chini, akavua viatu, akaketi juu ya kochi lililofunikwa.

"Shuka," alisema.

Akashuka. Akasimulia yote, rola mkononi, matone meupe yakidondokea vidole vya miguu yake: ile milioni thelathini na nne, ile elfu thelathini, zile nyumba tatu. Akamalizia na lile jiko mpaka kwenye sinki.

"Ulijua lini?"

"Jana."

"Na mimi ulikuwa uniambie lini?"

Brashi akagusa mfuko wake, na Mama Pacha alikuwa ameolewa naye muda wa kutosha kujua maana yake. Alinyoosha mkono. Brashi akatoa mfukoni ile karatasi ya Pumua, imekunjwa mara nne. Mkewe aliisoma polepole, kidole chini ya kila mstari, na kadiri alivyosoma ndivyo uso wake ulivyozidi kukaza. Alikasirika, na alimwambia. Alimwambia kwamba kwa deni hawezi kumlaumu, deni walilikubali wawili. Lakini kutaka kumziba macho kwa pikapu, mume akijua na mkewe hajui, hilo lilimuuma, na litamuuma kwa siku kadhaa, asije kesho akadhani limekwisha.

Brashi alikubali. Hakujitetea, na hilo lilisaidia.

Kisha Mama Pacha akainuka, akaenda jikoni peku. Brashi akamfuata, hajui anafuata nini. Alimkuta amesimama mbele ya sinki, anaangalia kulia, anaangalia kushoto.

"Kwa hiyo mpaka hapa ni kwetu," alisema. "Na jiko la gesi ni la benki?"

"Kwa hesabu yao, ndiyo."

"Basi likiharibika nitawapigia simu waje kulitengeneza."

Alisema kwa uso mkavu kabisa, na Brashi alichelewa kidogo kuelewa kwamba ni utani. Walipoanza kucheka walicheka mpaka wakashikilia sinki, sehemu pekee ambayo kisheria walikuwa na haki ya kuishikilia. Na katikati ya kicheko Mama Pacha akakiri la kwake. Siku ile ya kusaini, alisema, afisa alipokuwa anaeleza riba, yeye hakusikia hata neno moja. Alikuwa anaangalia nywele za yule afisa. Zilikuwa zimesukwa vibaya, mistari imepinda, na yeye alikuwa anawaza jinsi ya kumpa kadi ya saluni bila kumkosea adabu.

"Wewe ulitikisa kichwa, mimi nikaangalia mistari," alisema. "Hakuna wa kumcheka mwenziwe."

Walirudi sebuleni wakaketi kati ya ukuta mweupe na ukuta wa machungwa, na sasa wakahesabu kweli. Brashi alikuwa na miaka arobaini na saba. Kwa mkopo ulivyo, angemaliza akiwa na hamsini na tisa. Kwa Pumua, angemaliza akiwa na sabini na miwili. Mama Pacha aliutamka umri huo mara mbili, kisha akamtazama mumewe alivyolikunja lile bega kwa kulihurumia.

Brashi alijaribu bado kuitetea pikapu, na hakuwa mjinga. Alisema pikapu ingeleta kazi za mbali, na pesa ya kukodi kila wiki inauma. Mama Pacha akasema ni kweli. Akasema gharama ya kuikosa atailipa yeye kwa kusikia manung'uniko ya mumewe kila Jumamosi, na yuko tayari.

"Lakini sitaki pikapu ya kukupeleka kwenye ngazi ukiwa mzee," alisema. "Nataka siku moja uamke asubuhi, na usiwe na mtu wa kumlipa. Hicho ndicho nilichokuwa nalilia siku ile tulipokunywa soda. Haikuwa rangi."

Brashi hakuwahi kujua hilo. Miaka minane alidhani wote wawili wanafurahia kuta.

Watoto walipotoka shule walikuta baba na mama wameketi kati ya ndoo za rangi saa ambayo wote wangekuwa kazini, wakaogopa kuna msiba. Brashi aliwaita karibu akawaambia kama ilivyo, bila kupamba. Aliwaambia alikosea hesabu, na kwamba sebule hii hawajainunua.

"Sasa ni ya nani?" akauliza Mdogo.

"Ya benki. Tunaendelea kuinunua."

Mkubwa alifikiri. "Na chumba chetu?"

"Nacho ni cha benki."

"Mbona benki haiji kulala humo?" akauliza Mkubwa. "Sisi ndio tunalala. Kuna baridi, na ukuta unakwaruza viwiko."

Brashi akashika viwiko vya Mkubwa, akavitazama. Miaka yote hiyo alikuwa amewalaza watoto wake kwenye saruji ili kuisubiri hesabu, na hesabu yenyewe ilikuwa ya kubuni. Mama Pacha alimtazama, akangoja aseme yeye mwenyewe. Akasema kanuni imekufa leo, na Jumamosi wachague rangi. Walichagua mbili, kama ilivyotarajiwa, zambarau kwa Mkubwa na samawati kwa Mdogo, wakagombania mpaka upite wapi, na Brashi akawapigia katikati ya ukuta mstari ulionyooka hivi kwamba hata maadui wangeuheshimu. Alitumia mabaki ya bweni. Haikugharimu kitu isipokuwa usiku mmoja wa majirani kulalamikia harufu.

Wiki iliyofuata mume na mke waliingia benki pamoja. Mafua ya afisa yalikuwa yamepona, na Mama Pacha, kabla ya kuketi, aliangalia nywele za yule dada, akaridhika, akaelekeza akili yote kwenye kioo. Aliuliza kila kitu. Aliuliza kama kuna faini ya kulipa mapema, akaambiwa kwa mkopo wao haipo. Aliuliza neno moja mara tatu, na afisa alilieleza mara tatu, na hakuna aliyekufa kwa aibu. Kisha wakajaza ile fomu isiyo na picha: milioni tano, kupunguza deni, malipo ya mwezi yabaki, miaka ikatwe. Brashi alisaini. Alikuwa anaiaga pikapu, na hakujifanya haimuumi.

Afisa alibonyeza, akangoja, akasogeza ukurasa mpaka chini kabisa. "Yamefutika malipo arobaini na mawili," alisema. "Miaka mitatu na nusu. Mnamaliza wewe ukiwa na hamsini na tano na nusu, mabinti wakiwa na kumi na nane. Na mkiongeza kidogo kila mkipata kazi kubwa, mtakata zaidi."

Mama Pacha alihesabu kwa vidole chini ya meza. Arobaini na mawili mara laki tano. "Hizo ni milioni ishirini na moja," alisema. "Na sisi tumeleta tano."

"Ndiyo, mama. Kwa sababu riba ya hizo tano haitahesabiwa tena kwa miaka yote iliyobaki. Ile iliyokuwa inawala, sasa imewakosa."

Brashi akainama mbele ya kioo. Akamwomba afisa asogeze tena ukurasa, taratibu, aone mahali yale malipo yalipokuwa. Palikuwa patupu. Alitazama pale patupu kwa muda mrefu, na mkewe alifikiri labda anajuta.

Hakuwa anajuta. Alikuwa anahesabu kwa namna yake. Laki tano, kwa bei zake, ilikuwa ni kupaka nyumba moja nzima ndani: kukwangua, puti, msasa, rangi mara mbili, na kuta za ngazi ambako mtu hujipinda mgongo. Kila mwezi, katika nyumba alizopaka, moja alikuwa anaipakia benki. Kwa hiyo kulikuwa na nyumba arobaini na mbili zilizokuwa zikimngojea huko mbele, akiwa mtu wa miaka hamsini na kitu mwenye bega bovu, kila moja na dari yake.

Akaanza kucheka, pale pale mbele ya kaunta, mpaka mlinzi akageuka. Mama Pacha akamfinya paja chini ya meza, akamwuliza ana nini.

"Nyumba arobaini na mbili," alisema Brashi, akifuta macho kwa mgongo wa mkono. "Mama Pacha, nimezimaliza zote asubuhi hii, na sijapanda hata ngazi."